Muulize, Yuko Hapa

Siku ya kwanza niliyoketi mezani na mama yake madam, mwajiri wangu, niliinuka na njaa. Hadi leo sijaamua kosa lilikuwa la nani, langu au lake.

Ilikuwa hivi. Mimi nimelelewa nyanda za juu za Kenya, na kwetu mgeni akikaribishwa chakula husema ameshiba, hata kama tumbo linanguruma. Mwenyeji humjibu, "Umeshiba wapi wewe? Hebu onja kidogo." Mgeni anakataa tena, safari hii kwa sauti ya chini, mwenyeji anapakua, na watu wanakula. Hakuna aliyewahi kunifundisha haya, niliyakuta nyumbani na nikayafuata. Basi yule mama mzee, aliyekuwa ametua Dubai juzi yake akitokea Kanada, alinisogezea sahani ya kuku na viazi akaniuliza kama nitakula. Nikasema, "Hapana, asante, nimeshiba." Akaitikia kwa kichwa, akaichukua sahani, akaipeleka upande wa pili wa meza. Khalas, yamekwisha. Nikabaki nimeshika uma, namtazama kuku akienda zake.

Baadaye, jikoni, nilimweleza desturi yetu. Alinisikiliza kwa makini, maana alikuwa mtu wa kusikiliza, kisha akasema hawezi kuifuata. "Ukiniambia hapana na mimi nikakuuliza tena, si ni kama nimekuita mwongo?" Nikamwambia si mwongo, ni adabu. Akasema kwao adabu ni kuliamini neno la mtu mara ya kwanza. Tuliachana hapo, kila mmoja na adabu yake, na tangu siku hiyo nikajifunza kusema ndiyo upesi kabla kuku hajaondoka.

Nilikuwa nimefanya kazi katika nyumba ile ya mtaa wa Mirdif kwa miaka kadhaa. Madam na sir walikuwa watu wa Kanada, wote wawili wakifanya kazi katika kampuni za biashara kule Freezone, karibu na uwanja wa ndege. Watoto wao walikuwa wamerudi kwao kusoma chuo. Tulibaki mimi, dereva Mganda aliyekaa chumba cha nje, na vyumba vingi vya kufuta vumbi. Madam alikuwa mwema, sina neno baya la kumsema, lakini alikuwa ameizoea Ghuba. Kikombe alikiacha pale alipomalizia kunywa, awe kitandani au bustanini, akijua kitajirudisha chenyewe. Kilichokirudisha kilikuwa mimi.

Mama yake alikuwa amekuja kukwepa majira ya baridi, na tikiti yake ya kurudi ilikuwa ya wakati theluji inapoyeyuka. Mume alikuwa amefariki zamani. Aliishi peke yake katika mji mdogo wa jimbo la ngano lenye jina refu sana, jina ambalo lilinisumbua ulimi wiki nzima. Alikataa kata kata kuitwa madam. Alitaka nimwite kwa jina lake tu, na hilo nikakataa mimi, maana siwezi kumwita kwa jina mtu aliyemzidi umri hata mama yangu. Tulisuluhishana kwenye shosho, kama tunavyowaita bibi zetu kwetu. Alilipenda. Dereva naye akalidaka, na kabla ya mwezi kuisha hata sir alikuwa anasema shosho.

Vita vyetu vya kwanza vilikuwa vya sinki. Shosho alipomaliza kula aliinuka na sahani yake, akaiosha. Akaosha na ya madam. Akaniuliza ya kwangu iko wapi. Anayefanya kazi za nyumbani Dubai anajua kwamba mwajiri akianza kuosha chombo mwenyewe, anakwambia kazi yako haimridhishi, na kinachofuata ni kutafuta mahali pa kupeleka sanduku lako. Nikaanza kuamka mapema zaidi ili nilifikie sinki kabla yake. Naye akaanza kuamka mapema. Tulikuwa tunakimbizana jikoni kama paka na panya, tukisalimiana kwa heshima zote.

Na kuna jambo jingine. Vyombo alivyoosha havikutakata. Nilisubiri aende bustanini, nikaviosha upya. Siku moja akarudi kuchukua kofia, akanikuta.

"Kwa nini unaosha tena?"

Mimi si mtu wa kuzungukazunguka. "Kuna yai kwenye uma, shosho."

Nilitegemea akasirike. Aliuchukua ule uma, akausogeza hadi karibu uguse pua, akaugeuza kwenye mwanga wa dirisha. Kisha akacheka mpaka akashika meza. "Basi mimi nitaosha," akasema, "wewe utafuta. Ukiona yai, unanirudishia."

Ndivyo ilivyokuwa kuanzia hapo. Nilimrudishia uma, vijiko, mara nyingine sahani nzima, naye alisema samahani kila mara. Yule mwanamke alisema samahani kwa kila kitu. Alimwomba samahani dereva kwa kugongwa na mlango ambao dereva ndiye aliyeufungua. Nilimsikia akiuomba radhi mlango wa friji. Lakini tusidanganyane, hakuwa mnyonge.

Hilo nililiona alasiri moja madam alipowaalika jirani zake chai. Nilikuwa nimeingia na sinia. Mwanamke mmoja, mgeni katika mtaa ule, alinitazama kuanzia viatu hadi kitambaa cha kichwani, akamgeukia madam. "Huyu wako anajua kupika? Ni mwaminifu?"

Nimeulizwa hivyo mara nyingi mbele yangu mwenyewe. Unazoea, unatazama sinia. Madam alifungua kinywa ajibu, na mama yake akamwahi.

"Muulize," shosho akasema. "Yuko hapa."

Hakupandisha sauti. Vijiko vyote viliacha kukoroga. Yule mgeni aliiva uso, na madam akaangalia zulia. Mimi nikaona basi, yameshamwagika, nikajibu. "Napika vizuri sana, madam. Na uaminifu ninao. Unataka sukari?"

Wageni walipoondoka nilimfuata shosho nikiwa nimewaka. Nilimwambia alichofanya kilikuwa kizuri kwake na kigumu kwangu. Yeye atapanda ndege, mimi nitabaki na majirani wale wale, na mwanamke aliyeaibishwa hasahau. Alikaa kwenye kiti cha jikoni. Akasema samahani, na safari hii haikuwa ile ya friji.

Kisha akaniambia ilikotoka hasira yake. Tulikuwa tukizungumza Kiingereza, mimi na yeye, lakini maneno yake nayakumbuka kwa Kiswahili, kwa kuwa ndivyo nilivyojirudia moyoni.

Alipokuwa msichana, karibu na mji wao palikuwa na shule ya bweni ya watoto wa wenyeji wa asili, wale waliokuwepo kabla wazungu hawajafika. Watoto walichukuliwa kwa mama zao wakiwa wadogo, wakanyolewa nywele, wakakatazwa kusema lugha yao. Krismasi, darasa lake lilipelekwa kuwaimbia. "Tuliimba, wakatupigia makofi, tukarudi nyumbani kunywa maziwa moto," akasema. Wakubwa wote, mchungaji, daktari, walimu, waliamini ni kwa faida ya wale watoto. Walikaa vikao, wakapitisha mambo. Hakuna aliyewauliza watoto, wala mama zao. Wengine hawakurudi nyumbani kabisa. Miaka mingi baadaye, waliobaki wakiwa wazee, ndipo walipopewa kiti na kipaza sauti, nchi nzima ikasikiliza na kuona haya. Shosho alikwenda kusikiliza. Alikaa nyuma ya ukumbi na kulia. Tangu hapo hawezi kuvumilia mtu azungumziwe huku ameketi papo hapo.

Nilimwambia kwamba kwetu pia walikuja watu waliojua kilicho chema kwetu, na babu yangu aliamka akakuta shamba lake ni la mtu mwingine. Tulifuta vyombo vilivyobaki.

Dereva alikuwa na picha yake ya Kanada kichwani, kama watu wengi tunaokutana nao hapa: nchi ya wapole, ukiumwa unatibiwa, ukifika wanakupokea kwa koti. Alipomwambia shosho hivyo garini, shosho alimcheka. Akatusimulia jinsi watu wa jimbo lake walivyokuwa wakifa mashambani kwa sababu daktari alikuwa wa wenye nacho. Wakulima walianza kuchangishana kijiji kwa kijiji, na serikali ilipotaka matibabu yawe ya wote, madaktari wakagoma. Watu wa kanisa moja waliacha kusalimiana. Yeye alikuwa mwalimu kijana wakati huo, na baba yake mzazi na mjomba wake walirushiana maneno mbele ya duka. "Huo upole mnaousikia," akasema, "tuliugombania." Nami nikamweleza jinsi mama yangu na wenzake walivyobeba mawe kichwani kujenga zahanati yetu kwa harambee, na jinsi walivyogombana kuhusu mlango utazame upande gani. Alitaka kujua mlango ulitazama upande gani mwishowe. Nilijiona mtu wa maana sana garini mle.

Kufikia hapo nilikuwa nimempenda. Nilijua pia kwamba macho yake yanazidi kufifia, maana uma zilikuwa zinarudi kwake nyingi kuliko zinazokwenda kabatini. Sikumwambia mtu. Ilikuwa kati yetu, mimi na yeye na yai.

Halafu alasiri moja akaweka birika la umeme juu ya jiko la gesi. Yapo mabirika ya kwao ya bati yanayokaa juu ya moto, na macho yake yaliona kitu cheupe tu, akadhani ni kama la kwao. Nilikuwa juu nikitandika vitanda niliposikia harufu ya plastiki. Niliteremka ngazi sijui vipi. Jikoni kumejaa moshi mweusi, shosho amesimama katikati na taulo mkononi akisema samahani, samahani. Dereva aliingia mbio, akafunga gesi, akamtoa nje. Hakuungua popote. Lakini jiko lilikuwa na birika lililoyeyuka kama mshumaa, na hilo halikufichika.

Madam alirudi kutoka kazini kabla ya wakati. Jioni ile alimpigia kaka yake Kanada, na siku iliyofuata wakakubaliana kuzungumza sawasawa, sote tukiwepo, maana mimi na dereva ndio tuliokuwa mashahidi.

Dereva alinivuta pembeni kabla hatujaingia sebuleni. "Nyabo," akaniambia, kama wanavyomwita mwanamke kwao kwa heshima, "mwambie madam huyu mama abaki hapa. Mtu mzima hakai peke yake kama mlinzi wa ghala."

"Nami naona hivyo," nikamwambia.

Na ndivyo nilivyoona, wacha niseme wazi. Mama yangu anaishi kwa kaka yangu, na kijijini kwetu mzazi anayekaa peke yake ni aibu ya watoto. Nilimtaka shosho abaki. Nilitaka mtu wa kufuta naye vyombo katika nyumba ile yenye vyumba vingi.

Simu iliwekwa mezani, sauti juu. Sir alikaa na mikono kifuani. Shosho alikuwa kwenye kiti cha dirishani, hatua chache tu, amevaa sweta yake ingawa nje kulikuwa na joto. Kaka mtu alianza. Alisema mama hawezi kurudi kwenye ile nyumba, iuzwe, atafutiwe nafasi katika nyumba ya kutunzia wazee. Madam akasema hapana, atakaa hapa Dubai. Kaka akauliza mama atafanya nini Dubai. Mama haoni. Mama anasahau. Mama ataanguka kwenye barafu. Walisema mama huyu, mama yule, kwa upendo, naapa ilikuwa kwa upendo, na hakuna aliyegeuza shingo kutazama dirishani. Nilimtazama mimi. Alikuwa ameweka mikono mapajani, kiganja juu ya kiganja, na uso wake ulikuwa wa mtu anayesubiri zamu ambayo hakuna aliyempa.

Ndege ilipita juu, tukangoja kelele zipite kama kawaida ya mtaa ule. Kisha madam akanigeukia.

"Wewe uko naye kutwa nzima. Niambie ukweli. Anaweza kuishi peke yake?"

Jibu nilikuwa nalo mdomoni. Abaki, madam, nitamtunza. Lilikuwa la kweli, lingemfurahisha madam, dereva angeitikia kwa kichwa, na mimi ningempata shosho wangu. Nilihitaji tu kulitoa. Nikatazama tena ile mikono.

"Muulize, madam," nikasema. "Yuko hapa."

Simu ikauliza, "Amesema nini?" Sir ndiye kafeel wangu, mdhamini mwenye viza yangu, na mfanyakazi wa ndani hamwambii madam wake maneno ya namna hiyo mbele ya familia. Madam alikaza uso, nikajua amekumbuka ile chai. Nilijikaza nami. Nilikuwa nimesema kitu sahihi na sikutaka kukirudisha.

Madam akainuka. Alichukua kiti chake, akakigeuza, akakiweka mbele ya dirisha.

"Mama," akasema. "Unataka nini?"

Shosho hakuharakisha. "Nataka kwenda nyumbani kwangu," akasema. "Naona vibaya. Naona vibaya kuliko mnavyojua. Huyu anajua, amekuwa akinirudishia uma tangu nimefika." Alinionyesha kwa kidevu. "Nitaunguza sufuria. Ninunulieni jiko linalojizima lenyewe, yapo. Nitaacha kushuka kwenye ghala la chini ya nyumba. Lakini sitakwenda kukaa mahali nitakapoambiwa saa ya kuoga."

Akawaeleza jambo ambalo watoto wake hawakulijua. Ng'ambo ya barabara kuna mjane mwenzake. Tangu walipofiwa, kila asubuhi kila mmoja hufungua pazia la jikoni lake. Pazia lisipofunguka kufikia saa ya chai, mwenzake anavaa koti na kuvuka. Limewahi kutofunguka mara moja, na shosho ndiye aliyevuka, akamkuta rafiki yake sakafuni, akaokoka. "Ananingoja," akasema. "Tangu nije huku, nani anatazama pazia lake?"

Kaka mtu alibisha. Madam akabisha, akalia, akabisha tena. Sauti zilipanda hadi dereva akaniangalia kwa wasiwasi. Mimi nilikuwa natabasamu, siwezi kukana. Sasa walikuwa wanagombana naye yeye mwenyewe, na yeye alikuwa anashinda.

Madam alinikalia kimya kwa siku kadhaa. Salamu, maagizo, basi. Kisha asubuhi moja akaja jikoni na kikombe chake mkononi, akakiweka ndani ya sinki mwenyewe. "Ungeweza kunijibu tu," akasema.

"Ningeweza, madam."

Alisimama kidogo, akafungua bomba, akakiosha. Sikukiosha upya.

Jumapili ile nilimpigia mama yangu. Baada ya salamu za mifugo na mvua, nilimuuliza kama anapenda kukaa kwa kaka. Akacheka, akaniuliza nimekunywa nini huko Uarabuni. Nikamuuliza tena, maana mama yangu ni wa kwetu, jibu la kwanza si jibu. Akasema anapenda, ila angependa chumba chenye mlango wake wa nje, aweze kuamka bila kuamsha watu. Miaka yote ile nilikuwa namtumia shali.

Siku ya safari shosho alitaka sote twende. Njiani dereva alimwahidi kwamba Uganda hakuna theluji, akichoka na baridi aje Kampala. "Yalla, twende, niko tayari," shosho akajibu, na tukacheka. Uwanjani alikataa kiti cha magurudumu mara moja, na yule kijana wa shirika la ndege aliposema, "Una hakika, mama?" alimtazama kama mtu aliyeitwa mwongo, nikakumbuka siku ya kuku.

Aliagana na binti yake muda mrefu. Akampa dereva mkono. Akaja kwangu, akanishika mabega, akasogeza uso wake karibu sana na wangu, kama alivyousogelea ule uma.

"Unalia?" akaniuliza.

"Hapana, shosho."

Alikuwa mtu wa kuamini hapana ya kwanza. Nilingoja aitikie kwa kichwa, ashike toroli lake, aende. Hakwenda.

"Unalia?" akaniuliza mara ya pili.

"Ndiyo," nikasema.